Wateja wa mgao ni wa nani? Daftari la marehemu baba, na kesi za maduka ya India

Binti wa Barabara ya 14 (mwanzisha mada)

Assalamu alaykum, na kwa wengine habari za jioni. Nina swali la sheria, lakini siwezi kuliuliza bila kusimulia kwanza. Mnivumilie.

Marehemu baba yangu alikuwa na duka hapa Tanga, Ngamiani, barabara ya 14. Halikuwa duka kubwa: meza moja, mizani ya mawe, na waya wa kukatia sabuni ya mche uliofungwa kwenye msumari. Miaka ile bidhaa zilipoadimika, duka lake likawa miongoni mwa yaliyopata mgao kutoka RTC, kampuni ya serikali ya biashara ya mkoa. Sukari, unga wa yanga (mahindi ya njano), sabuni, mafuta, na mara mojamoja khanga. Wateja hawakuja kwa kupenda, waliandikwa. Balozi wa nyumba kumi alileta orodha, katibu wa tawi la chama akagonga muhuri, na ukishakuwa wa balozi fulani basi duka lako ni lile, hata kama lipo jingine mlango wa pili.

Daftari lake ninalo mpaka leo, kaunta buku lenye mgongo mwekundu. Mwaka 1982 ameandika mabalozi 14, kaya 412. Anayeijua Ngamiani hatashangaa. Nyumba zetu zina ukumbi katikati na vyumba huku na huku: mwenye nyumba upande huu, mpangaji na mkewe upande ule, mjane na wajukuu chumba cha uani. Nyumba moja, vyungu vitatu.

Mwaka huohuo likafunguliwa duka jingine la mgao, barabara mbili kutoka kwetu. Baba akakatwa mabalozi 9. Hakupewa barua. Alikuja kijana kutoka ofisini, akasimama mlangoni, akasema kuanzia mgao ujao utabaki na watano, akaondoka. Nilikuwa na miaka 12, nimeshika mfuko wa karatasi baba akipima chumvi. Aliendelea kupima kana kwamba hakusikia.

Hilo angelistahimili. Kilichomuua ni hesabu. Ofisi ilisema mabalozi 5 ni nyumba 50, kwa hiyo kaya 50, na mgao ukaletwa wa kaya 50. Daftari lake lilionyesha 147. Akawa anagawa kwa zamu, aliyekosa safari hii aanze safari ijayo, na anaandika kila kitu. Lakini mtu aliyekosa sukari hasomi daftari. Majirani waliokuwa wakimsalimia kwa heshima wakaanza kusema anaficha. Mwaka 1983, ilipokuja vita ya serikali dhidi ya wahujumu uchumi, yaani walioshukiwa kuficha na kulangua bidhaa, wakaja kupekua. Walikuta kilo 6 za sukari zimefungwa mafungu mafungu, kila fungu na jina juu yake. Yalikuwa ya wazazi wawili waliojifungua na mzee mmoja asiyeweza kutembea. Wakamchukua. Alilala mahabusu siku mbili, wakamwachia bila kumfungulia shitaka, na duka hakulifungua tena. Mpaka anafariki mwaka 1991 alikuwa akisema, "Walinihesabia mapaa, hawakunihesabia vyungu."

Kwa nini nayaleta leo? Mdogo wangu ni wakala wa pembejeo huko Muheza, anauza mbolea ya ruzuku. Juzi kanipigia simu kwa furaha: kwenye kata kumezuka mazungumzo kwamba mawakala wagawane vijiji, kila mmoja na vyake, mkulima asivuke kwenda kwa mwingine. "Dada, mie nimepangiwa vijiji vitatu." Sikulala.

Nimesoma kwamba India maduka ya mgao yapo mpaka leo, zaidi ya 500,000, na wenye maduka wanapelekana mahakamani kwa sababu ya kadi za wateja: huyu kanyang'anywa, huyu kaongezewa. Wenye kuijua sheria, naomba mniambie. Je, baba alikuwa na haki yoyote juu ya wale mabalozi 9? Na mdogo wangu akubali hivyo vijiji, au akatae?

Balozi Mstaafu

Mwanangu, Mungu amrehemu mzee wako. Mimi nilikuwa balozi Makorora miaka hiyohiyo. Duka letu halikuwa la baba yako, lakini hilo la mapaa na vyungu nalijua kwa mkono wangu.

Karatasi tuliyoletewa ilikuwa na mistari kumi. Kumi tu. Ukiandika jina la mwenye nyumba kila mstari, karatasi imejaa, na wapangaji huna pa kuwaweka. Mimi niliunganisha karatasi nyingine kwa uji wa unga, nikaandika vyumba vyote. Wapo wenzangu waliojaza mistari kumi wakapeleka, wala si kwa ubaya, waliona ndivyo serikali inavyotaka. Sasa ofisini mtu anapokea orodha kumi na nne, nyingine fupi, nyingine zina mkia wa karatasi umebandikwa. Unadhani atafuata mkia?

Na mabalozi kuhamishwa toka duka hili kwenda lile, mara nyingi hakukuhusu sukari. Sukari ilikuwa kidogo kwa wote. Kulihusu khanga. Mwenye orodha ndefu alipata doti nyingi, na doti moja wakati ule ilikuwa mali. Nimeona wenye maduka wawili, watu wa msikiti mmoja, hawasalimiani miaka kwa sababu ya balozi mmoja aliyehamishwa.

Ila niseme na langu. Mimi mwenyewe nilihamishiwa watu wangu duka la mbali, nikatia sahihi. Palikuwa na bibi mmoja anapanga jiwe lake kwenye foleni saa kumi alfajiri, anarudi kulala kidogo, anaamka kulifuata. Baada ya sahihi yangu ikabidi alipange jiwe hilo mbali mara tatu. Hakuna aliyemuuliza, na mimi sikumuuliza.

Wakili wa Pwani

Dada, pole. Nafanya kazi hapahapa Tanga, na kesi za India nimezisoma kwa sababu wenzetu kule wameandika hukumu nyingi mno juu ya jambo hili. Nianze na huko, kisha nirudi Ngamiani.

Kwanza elewa kwa nini wanagombana. Mwenye duka la mgao kule hapangi bei. Anapokea nafaka ya serikali na analipwa kamisheni kwa kila kilo 100 anazogawa. Kiwango cha serikali kuu kwa majimbo ya kawaida kilikuwa rupia 70, mwaka 2022 kikapandishwa kuwa 90, na nyongeza kidogo kwa wanaotumia mashine ya alama za vidole. Kwa sheria yao ya uhakika wa chakula ya mwaka 2013, mtu mmoja ana kilo 5 kwa mwezi, na kaya fukara kabisa, wale wa Antyodaya, zina kilo 35 kwa kaya. Sasa piga hesabu. Ukimwondolea mwenye duka kaya 100 za Antyodaya umemwondolea kilo 3,500 kila mwezi, na kamisheni yake ndiyo kodi ya pango na mshahara wa kijana wa kupima. Kadi ndiyo riziki yake. Ndiyo maana mtu yuko tayari kuuza ng'ombe aende Mahakama Kuu.

Kesi zenyewe huja kwa sura mbili. Ya kwanza ni hiyo ya baba yako: duka jipya linafunguliwa, kadi zinamegwa kutoka la zamani. Mwenye duka la zamani analia kwamba kaonewa. Mahakama zimemjibu mara nyingi kwamba leseni yako ni ya kuhudumia, haikupi umiliki wa watu, na huna haki ya kudai idadi ile ya kadi idumu milele. Lakini haziishii hapo. Huiuliza ofisi: mlifuata mwongozo wenu wenyewe? Mlitoa sababu? Mlimsikiliza? Ipo amri ya serikali kuu ya mwaka 2015 inayosimamia mgao, na inayataka majimbo yahakikishe idadi ya wenye kadi kwa kila duka ni ya kadiri, na duka liko mahali ambapo mwenye kadi hapati taabu kulifikia, hasa milimani, jangwani na kwenye maeneo ya makabila. Angalia kipimo chenyewe kinamtazama nani: miguu ya mteja.

Sura ya pili ni chungu zaidi. Duka linasimamishwa kwa tuhuma, tuseme kupunja mizani. Wateja hawawezi kukaa na njaa wakingoja kesi, kwa hiyo kadi zinaambatishwa kwa duka la jirani au anateuliwa mtu mpya. Baadaye yule wa kwanza anashinda rufaa, anataka watu wake warudi. Jirani naye ameshaongeza ghala na ameshazoea kamisheni, anasema nami nisikilizwe. Mwaka 2015 Mahakama ya Juu ya India iliamua kesi ya namna hii kutoka Uttar Pradesh, ikasema aliyeteuliwa baadaye hana haki yake mwenyewe ya kuingia kupinga, kwa kuwa nafasi yake imezaliwa na kuondolewa kwa mwenzake. Ugomvi ni kati ya aliyeondolewa na serikali.

Turudi kwa mzee wako. Haki juu ya mabalozi 9, kwa maana ya kuwamiliki, sioni. Haki ya kuelezwa kwa maandishi, kuulizwa kabla, na kuhesabiwa sawasawa kama wengine, hiyo nasema alikuwa nayo kwa kanuni za haki asili, ambazo hazikungoja katiba. Ila jiweke kwenye wakati ule. Haki za binadamu ziliingizwa kwenye katiba yetu kwa marekebisho ya mwaka 1984, na kuzidai mahakamani kulianza 1988. Na ile sheria ya uhujumu uchumi ya mwaka 1983 iliunda mahakama maalumu ambako mshitakiwa hakuruhusiwa wakili wala dhamana. Mzee kuachiwa bila shitaka, kwa mwaka ule, alinusurika kwenye jambo zito. Lile daftari na majina juu ya mafungu vilimtetea kuliko ambavyo ningeweza mimi.

Kuhusu mdogo wako swali langu ni moja: nani anayegawa? Kama ni mawakala wenyewe wamekaa wakagawana wakulima, wajihadhari. Sheria ya Ushindani ya mwaka 2003 inakataza mapatano ambayo kusudi lake au matokeo yake ni kuua ushindani, na Tume ya Ushindani haitajali kwamba mlikutania ofisi ya kata. Kama ni amri ya ofisi, aombe iandikwe, yenye tarehe, sababu, na jina la mamlaka inayoiruhusu. Uamuzi wa ofisi unaweza kupingwa Mahakama Kuu, nayo ipo hapa Tanga, lakini unaanza kwa kuomba kibali ndani ya miezi sita tangu uamuzi. Wengi wanakuja kwangu miezi tisa ikiwa imeshapita.

Aliyewahi Pune

Nilisoma Pune, India, miaka minne na duka la mgao lilikuwa chini ya nyumba niliyopanga, kwa hiyo nichangie nilichokiona kwa macho.

Nilipofika, kila kaya ilikuwa na duka lake kwenye kadi. Duka likifungwa siku yako ya mapumziko, imekula kwako. Mwenye duka akiwa na kisirani, utavumilia mwaka mzima. Jirani yangu mama mmoja mfua nguo alikuwa na kadi ya kijijini kwao, jimbo jingine kabisa. Mjini haikumsaidia kitu, na kijijini nafaka yake haikujulikana inakwenda wapi. Alikuwa ananunua mchele kwa bei ya sokoni huku haki yake iko mamia ya kilomita.

Kisha wakaleta mpango wa kadi moja nchi nzima. Ulianza Agosti 2019 kwa majimbo manne yakiwa mawili mawili, Andhra Pradesh na Telangana, Gujarat na Maharashtra, na kufikia Juni 2022 majimbo na maeneo yote yameingia. Unakwenda duka lolote lenye mashine, unaweka kidole, mashine inaonyesha haki yako ya mwezi, unapimiwa. Chhattisgarh walikuwa wametangulia. Mwaka 2012 pale Raipur walianza kumruhusu mwenye kadi achague duka mwenyewe, wakauita kwa Kihindi Meri Marzi, yaani "nipendavyo".

Nilichokiona ni kwamba tabia ya mwenye duka wetu ilibadilika. Alianza kufungua mapema, na mizani ikageuzwa ikawatazama wateja. Hakuna hukumu iliyofanya hivyo, bali hofu kwamba watu wanaweza kuvuka barabara. Matatizo yapo, siyafichi. Mashine inagoma, vidole vya mfua nguo vimelika na havisomeki, na mwishoni mwa mwezi duka linalopendwa linaishiwa mapema. Lakini mama yule alipata ngano yake Pune.

Dada, kama mkulima wa Muheza ana namba yake ya usajili na anaweza kwenda kwa wakala yeyote, basi leo yuko mahali ambapo India imefika baada ya miaka mingi. Kugawana vijiji ni kumrudisha nyuma.

Wakala wa Milimani

Naheshimu wote waliotangulia, ila naona mnazungumza kama watu wa mjini. Mimi ni wakala huku juu, milima ya Usambara. Kupandisha mfuko wa kilo 50 mpaka kwangu ni gari hadi barabara inapokwisha, kisha bodaboda, na mvua zikiwa kubwa ni kichwa cha mtu. Wakulima wangu wenye nafasi wanashuka mjini siku ya gulio na kununua huko, kwa sababu wamekwenda na shughuli nyingine. Wanaobaki kwangu ni wazee na akina mama wasio na nauli, mfuko mmoja mmoja. Msimu uliopita nilipandisha mifuko 80, nikabaki na 31 mpaka mvua zikapita. Mtaji umelala.

Nikiambiwa vijiji hivi viwili ni vyangu, najua nilete mifuko mingapi. Nikiambiwa mkulima yuko huru, basi nitafunga, na yule bibi wa bila nauli atakuwa huru kutembea kilomita 14. Hilo la "miguu ya mteja" alilosema wakili linanihusu mimi kuliko wa bondeni.

Wakili wa Pwani

Ndugu yangu wa milimani, umesema kweli na sina jibu la haraka. Nitakachosema ni kwamba dawa ya mfuko uliolala isiwe kumfunga mkulima. Kinachopanda kwenye mteremko ni gharama ya kubeba, basi hiyo ndiyo ya kudai. Kule India kamisheni ya majimbo ya milimani na ya kaskazini-mashariki iliwekwa juu zaidi, rupia 180 pale wengine wanapopata 90, kwa sababu wanajua gunia halipandi mlima bure. Andikeni mawakala wa juu kwa pamoja, mdai tofauti ya usafirishaji, mkiambatisha stakabadhi za gari na bodaboda. Kudai hivyo serikalini siyo kugawana wateja.

Binti wa Barabara ya 14

Mzee wangu Balozi, shikamoo. Ile karatasi ya mistari kumi imeniliza. Miaka yote hii nilidhani kuna mtu aliyemkusudia baba. Leo alfajiri nimelifungua daftari, nikatazama orodha za wale mabalozi watano waliobaki, na ni kweli. Tatu zina majina kumi kumi, sawasawa, na pembeni baba ameongeza wapangaji kwa kalamu ya risasi, kwa mwandiko mdogo, akifuata vyumba: "uani kulia", "mbele kushoto". Alikuwa akiwahesabu mwenyewe usiku, na sisi tukidhani anafunga mahesabu ya fedha.

Wakili, Mungu akulipe. Nimempigia mdogo wangu na kumsomea ulichoandika, neno kwa neno. Kwanza alikasirika, akasema dada unaniharibia riziki. Nikamuuliza, hivyo vijiji vitatu umepangiwa kwa karatasi ipi? Akanyamaza. Hakuna karatasi. Aliambiwa kwa mdomo mlangoni, kama baba.

Mkutano wao ni Jumamosi. Tumekubaliana ataomba mambo yaandikwe, na atasema mbele ya wenzake kwamba mkulima wa kijiji chochote akija kwake na namba yake atamuuzia. Hoja ya Wakala wa Milimani nimempa pia, kwa sababu kati ya vile vijiji kimoja kiko juu, njia ya Amani, na yeye mwenyewe amekiri alikuwa hajui angefikishaje mbolea huko. Ataleta stakabadhi zake za usafiri.

Ndugu wa milimani, kama hutojali niandikie pembeni hesabu ya hiyo mifuko 80, gari kiasi gani, bodaboda kiasi gani, vibarua kiasi gani, bila jina lako. Ningependa aende mkutanoni na karatasi ya pili mkononi, pamoja na hizo stakabadhi zake.